Umepita intavyuu lakini barua haitoki: maswali ambayo walimu wa Uganda wanauliza kila siku

Mimi ni mwalimu wa praimari huku West Nile, wakili sio mimi. Barua yangu ya uteuzi ilikaa miezi 14 baada ya intavyuu, na kwa hiyo miezi nilisoma sheria kuliko nilivyosoma chuoni, ndiyo maana watu wananipigia simu. Anapiga wa Koboko, anapiga wa Busia, anapiga wa Bombo, na swali ni lile lile, sasa nimechoka kurekodi voisi za dakika kumi nimeona niyaandike yote hapa. Kama kesi yako imeshaingia mahakamani, sikiliza wakili wako kwanza, mimi baadaye.

## Mambo ya mwanzo

Nani hasa ananiajiri? Hedimasta, DEO (ofisa wa elimu wa wilaya), CAO (ofisa mkuu wa utawala wa wilaya) au wizara?

Hedimasta hapana. DEO naye hapana, hata kama ndiye anayekupangia shule. Mwalimu wa praimari ya serikali anateuliwa na Tume ya Utumishi ya Wilaya, hii tunayoiita DSC, na nguvu yake inatoka kwenye Katiba ya 1995, ibara ya 200: kuteua, kuthibitisha, kuadhibu, yote ni yake. Mwalimu wa sekondari ya serikali yeye yuko chini ya Tume ya Utumishi wa Elimu kule Kampala, imewekwa na ibara ya 167.

Sasa hapa ndipo watu wanapotea. DSC inaamua, lakini barua unaandikiwa na CAO. Na kabla ya DSC kuamua, CAO ndiye anayetangaza kwamba kuna nafasi wazi, na kabla ya kutangaza anatakiwa awe na ruhusa ya Wizara ya Utumishi wa Umma kwamba pesa ya mshahara ipo. Kwa hiyo faili lako linapita mikono minne mitano, na kila mkono una droo.

Mwenyekiti wa LC5, yule mwanasiasa anayeongoza wilaya, hana kazi hapo. Najua tunamwendea kwa sababu ndiye tunayemjua, lakini hawezi kuteua mwalimu, na ukiona anaweza basi hapo tayari kuna shida nyingine.

Naambiwa "minuti yako imetoka". Hiyo minuti ni nini na ina faida gani?

Ni uamuzi wa tume ulioandikwa kwenye kumbukumbu za kikao, una namba na mwaka. Barua ya uteuzi ya kweli lazima itaje namba hiyo. Barua isiyo na namba ya minuti iogope sana, kuna watu wamefundisha miaka miwili na barua iliyochapwa kwenye kibanda cha sekretariati mjini.

Faida yake ni hii: kabla ya minuti wewe ni mwombaji tu, una matumaini, lakini huna haki ya kudai kazi ile. Minuti ikishakutaja kwa jina, tume imeamua, na wa kuandika barua ana wajibu wa kuiandika. Tofauti hiyo ndiyo inayoamua kesi nyingi, tutairudia kwenye mambo ya mahakama.

Kuteuliwa na kuthibitishwa si kitu kimoja?

Sio kitu kimoja. Ukiteuliwa mara ya kwanza unaingia kwa majaribio, muda umeandikwa kwenye barua yako mwenyewe, soma hapo usiulize jirani. Muda ukiisha, hedimasta anajaza ripoti ya utendaji, inapelekwa juu, DSC inakaa tena na kukuthibitisha. Watu wanasahau hatua hiyo kwa sababu mshahara unaingia tu, anakuja kushtuka mwaka wa 8 anapoomba kupandishwa cheo au ruhusa ya kwenda kusoma anaambiwa "wewe bado uko kwenye majaribio". Na penshoni nayo inaangalia kama umethibitishwa. Omba mwenyewe kwa maandishi, usingoje kukumbukwa.

Lakini kwa nini inachelewa hivi? Ni rushwa tu?

Rushwa ipo, sitakudanganya, lakini sio sababu ya kila kitu, na ukidhani kila kuchelewa ni rushwa utaandika barua ya matusi badala ya barua ya madai.

Sababu ya kwanza ni pesa ya mishahara. Bajeti ya wilaya ina kiwango, na mwaka wa serikali unaanza tarehe 1 Julai unaisha 30 Juni. DSC ikimaliza intavyuu mwezi wa tano, CAO mwoga anaogopa kutoa barua maana pesa ya mwaka huo inakaribia kurudi hazina na ya mwaka ujao bado haijathibitishwa. Ya pili ni idadi: sera inasema mwalimu mmoja kwa watoto 53, darasani kwetu wapo 120, lakini kiwango cha walimu wilaya inachoruhusiwa kuajiri kinategemea pesa, watoto waliokaa chini hawahesabiwi hapo. Ya tatu ni hofu ya walimu hewa. Baada ya zile kashfa za majina ya watu waliokufa kulipwa mshahara, kila jina jipya linakaguliwa, na ukaguzi ukianza kila kitu kinasimama, hata wewe uliye hai unafundisha.

Ya nne ni kwamba DSC yenyewe inaweza kuwa haipo. Hiyo nimeiweka mwisho kwenye kesi za pembeni.

## Barua, majina na mshahara

Nimeripoti, nafundisha, mwezi wa tano huu sijaingia kwenye peiroli. Tatizo liko wapi?

Kwanza uliza swali moja: je, hedimasta aliandika barua kwamba umeanza kazi, na barua hiyo ilifika ofisi ya rasilimali watu wilayani? Mshahara unahesabiwa kuanzia siku uliyoripoti kazini, tarehe ya barua ya uteuzi haihusiki, kwa hiyo karatasi hiyo moja ya hedimasta ndiyo inayofungua mlango. Nimeona mwalimu aliyekosa mshahara miezi saba kumbe barua ya kuripoti ilikuwa imekunjwa ndani ya rejista ya darasa la nne, hedimasta alisahau.

Kama hiyo ipo, angalia NIN (namba ya kitambulisho cha taifa), namba ya kodi, akaunti ya benki na namba ya usajili wa ualimu. Siku hizi mfumo wa mishahara umehamishwa kutoka ule wa zamani wa IPPS kwenda mfumo mpya, na jina lisilolingana na la NIRA, ofisi ya vitambulisho vya taifa, halipiti, hakuna ofisa wa kulisukuma kwa mkono.

Mshahara wa serikali unatakiwa uwe umeingia kufikia tarehe 28 ya mwezi. Ukikosa mwezi wa kwanza andika, usisubiri ifike mitano.

Kitambulisho kinasema Mohamed, cheti kinasema Muhammad. Hilo nalo ni tatizo?

Ni tatizo kubwa, na sisi Waislamu wa huku linatuumiza kuliko wengine. Aliyeandika jina lako kwenye mtihani wa darasa la saba ni hedimasta wa wakati ule, aliyeandika kwenye kitambulisho ni kijana wa kompyuta aliyekuja kijijini 2014, kila mtu aliandika alivyosikia. Wengine hata tarehe ya kuzaliwa imeruka miaka mitatu.

Usibadilishe vyeti, badilisha kitambulisho NIRA kifuate vyeti, au fanya kiapo cha kisheria kwamba majina hayo mawili ni mtu mmoja. Fanya kabla ya intavyuu kama bado hujaenda. Mahakamani kuchelewa kulikosababishwa na karatasi zako mwenyewe hakutakusaidia, wakili wa wilaya atalisema hilo kabla hajakaa chini.

Barua yangu imekosea somo. Nirekebishe au niache?

Rekebisha leo. Tangu Julai 2022 mwalimu wa sayansi mwenye digrii analipwa milioni 4 kwa mwezi na mwenzake wa sanaa alibaki kwenye milioni moja na kidogo, kwa hiyo neno moja kwenye barua ni karibu milioni 3 kila mwezi. Peleka kopi za vyeti vyenye masomo uliyosomea, omba tume isahihishe minuti yake, maana CAO au wizara hawawezi kubadilisha barua iwe tofauti na minuti.

Nikiingia kwenye peiroli nitalipwa na ile miezi ya nyuma?

Unastahili, kuanzia siku uliyoripoti, lakini haiji yenyewe. Inaitwa malimbikizo, lazima yaombwe, mkaguzi wa ndani wa wilaya ayathibitishe, halafu yaingizwe kwenye bajeti, mara nyingi ya mwaka unaofuata. Tengeneza jedwali mwenyewe: mwezi, kiasi ulichostahili, ulicholipwa, baki. Ambatanisha kopi ya kitabu cha mahudhurio cha shule kilichosainiwa. Hicho kitabu kipige picha kila mwisho wa mwezi maana kikijaa vijana wa jikoni wanawashia moto.

Kuna mtu anataka sente ili "asukume faili". Nitoe?

Hapana. Sheria ya kupambana na rushwa ya 2009 inamkamata anayetoa na anayepokea. Halafu kwa upande wa kesi umejimaliza, uteuzi ulionunuliwa ukigunduliwa unafutwa na huna pa kulia. Najua mtu aliyeuza ng'ombe wawili. Barua ilitoka kweli, baada ya mwaka ukaguzi ukaja, sasa hana ng'ombe hana kazi.

## Kabla ya kwenda mahakamani

Nianzie wapi?

Anza kwa kuandika barua. Mambo ya "nilienda nikaambiwa nirudi Jumatatu" hayasomeki mahakamani. Ofisi ikikaa kimya haijakukatalia, na kama haijakukatalia jaji atakuuliza unalalamikia nini. Kwa hiyo kazi yako ya kwanza ni kuwalazimisha kukaa kimya mbele ya karatasi yenye tarehe.

Barua iwe ya ukurasa mmoja: jina, namba ya intavyuu au minuti, tarehe, unachodai, na siku ngapi unawapa, tuseme 14. Peleka kwa CAO, kopi kwa katibu wa DSC na DEO.

Yangu niliipeleka rejistri saa nne asubuhi. Mama wa pale alikuwa anakula muhogo na chai, akaichukua akaiweka chini ya stepla akasema "acha tu hapo, mwalimu". Nikasimama. Nikamwambia, mama naomba unigongee muhuri kwenye kopi yangu. Akatafuta muhuri, wino umekauka, akauhemea mara mbili kama mtu anayesafisha miwani, akagonga, ikatoka nusu ya neno "imepokelewa" na tarehe haionekani. Nikamwomba aandike tarehe kwa kalamu na asaini pembeni. Akanitazama vibaya lakini akaandika. Ile nusu ya muhuri ndiyo wakili aliyoishika kwanza, zile safari zangu kumi na moja za boda hakuziuliza hata moja.

Wakikataa kugonga muhuri je?

Tuma kwa posta iliyosajiliwa uweke risiti, tuma pia kwa imeli ya ofisi, na rudi na mtu wa kushuhudia, baadaye anaweza kula kiapo kwamba mlifika na mkakataliwa. Wengine wanatumia picha ya WhatsApp na ujumbe wenye tiki mbili za bluu. Afadhali kuliko hakuna, lakini usiitegemee peke yake.

Sina uhakika kama minuti inanitaja. Nitaionaje?

Tumia sheria ya haki ya kupata taarifa ya 2005. Unaandika ombi kwa ofisi husika, unaeleza unataka kipande cha minuti kinachokuhusu, na wana siku 21 za kukujibu. Wasipojibu sheria inahesabu kwamba wamekataa, na unaweza kwenda kwa hakimu mkuu wa eneo lako. Usiombe minuti yote ya kikao maana ina siri za wengine, watapata sababu ya kukunyima. Omba mstari wako tu.

Rufaa inaenda wapi?

Kama umeshateuliwa na una malalamiko juu ya uamuzi wa DSC, unakwenda Tume ya Utumishi wa Umma, Katiba kwenye ibara ya 166 imeipa kazi ya kusikiliza manung'uniko ya watu walioteuliwa na tume za wilaya. Hatua hii usiiruke. Kanuni za mapitio ya kimahakama, yaani kumwomba jaji akague jinsi ofisi ilivyoamua, zilirekebishwa 2019, sasa jaji lazima aridhike kwamba umemaliza njia zote zilizopo ndani ya ofisi au kwenye sheria kabla ya kumfikia. Kesi nyingi zinakufa hapo, mtu ana haki yake yote lakini amepita dirishani wakati mlango ulikuwa wazi.

IGG (mkaguzi mkuu wa serikali) je? Na ofisa wa kazi?

IGG nenda kama kuna harufu ya rushwa, upendeleo au ofisa kutumia cheo vibaya, ni bure na wana ofisi mikoani. Ila jambo likishaingia mahakamani IGG anakaa pembeni, kwa hiyo mfuate mapema. Ofisa wa kazi anafaa zaidi kwa deni la mshahara kuliko kwa barua ya uteuzi, na asipolimaliza jambo linaweza kwenda Mahakama ya Viwanda. Chama chako, UNATU au kile cha walimu wa sanaa, kinaweza kukuandikia barua, na barua yenye nembo ya chama inajibiwa haraka kuliko yako, ndivyo dunia ilivyo.

Hatari ni kuzunguka ofisi hizi zote huku saa inahesabu. Soma swali linalofuata mara mbili.

## Mahakamani

Nimesikia kuna miezi mitatu. Inahesabiwa kuanzia lini?

Ombi la mapitio ya kimahakama linatakiwa liletwe haraka, na kwa vyovyote ndani ya miezi 3 tangu sababu ya malalamiko ilipotokea. Kanuni ni za 2009. Jaji anaweza kuongeza muda ukiwa na sababu nzuri, lakini "nilikuwa naambiwa nirudi" haijawahi kuwa sababu tamu.

Kwa mtu aliyekataliwa kwa barua ni rahisi, unahesabu kutoka siku ulipoipata. Kwa aliyenyamaziwa ndiyo kizungumkuti. Upande wa serikali utasema sababu ilitokea siku wenzako walipopewa barua wewe ukaachwa, mwaka jana, umechelewa. Wewe utasema kutotimiza wajibu ni kosa linaloendelea kila siku. Hoja zote mbili zinasikilizwa na huwezi kujua jaji wako ataegemea wapi. Ile barua ya madai yenye siku 14 inakupa tarehe unayoweza kuionyesha, siku ya 15 wamekataa. Haifufui jambo lililokufa miaka mitano iliyopita, lakini kwa jambo bichi inasaidia sana.

Mahakama inaweza kunipa kazi?

Haiwezi, na hili watu hawalipendi. Jaji hajui kama wewe ni mwalimu mzuri, hiyo ni kazi ya tume. Anachoweza ni kuangalia njia iliyofuatwa: walikusikiliza, walifuata sheria, walitenda kwa haki kama ibara ya 42 inavyosema? Akiona walikosea anafuta uamuzi, au anawaamuru watimize wajibu wao, hiyo amri ndiyo mawakili wanaiita mandamus.

Ili uipate lazima uonyeshe haki iliyo wazi, wajibu wa kisheria wa ofisi hiyo, na kwamba ulidai wakakataa au wakanyamaza. Mwenye minuti inayomtaja ana nafasi nzuri, amri itakuwa "toeni barua". Aliyefanya intavyuu tu bila minuti, akishinda sana ataambiwa tume ikae iamue. Ikikaa ikaamua kumkataa, imetimiza wajibu, na yeye anarudi kufundisha kwenye private.

Nimshtaki nani?

Wilaya ni chombo kinachoshtakiwa kwa jina lake chenyewe, kwa hiyo praimari unashtaki serikali ya wilaya, mara nyingi na CAO kama ndiye mwenye wajibu unaotaka atimize. Kwa sekondari na wizara ni Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Usimshtaki DEO kwa sababu alikujibu vibaya.

Lazima nitoe notisi ya siku 45 kabla ya kushtaki?

Sheria ya zamani ilidai hivyo kwa kesi za kawaida dhidi ya serikali na wilaya. Mahakama ya Rufaa ilishasema kukosa notisi peke yake hakuui kesi. Mimi bado nasema toa notisi ukiwa na muda. Yangu haikufika mahakamani, wakili alituma notisi na baada ya wiki tatu barua ikatoka, imeandikwa tarehe ya miezi minne nyuma kana kwamba ilikuwa inanisubiri.

Na kama nadai pesa tu?

Deni la mshahara ni jambo la mkataba, na dhidi ya serikali una miaka 3, sio 6 kama kwa mtu binafsi. Walimu wengi wanaomba barua ndani ya ile miezi mitatu wanasahau pesa, au wanashikilia pesa wanasahau barua. Ni njia mbili zenye saa mbili.

Wakili ni ghali. Tunaweza kushtaki pamoja?

Mnaweza, na mkiwa 20 mmechangia ni nafuu. Lakini hakikisheni hadithi zenu zinafanana. Mkichanganya mwenye minuti, asiye na minuti na ambaye majina hayalingani, mwenye kesi nzuri anazamishwa na mwenye kesi mbaya. Msaada wa bure upo Justice Centres Uganda, kliniki ya sheria ya LDC (chuo cha mawakili), mradi wa Uganda Law Society, na FIDA kwa akina mama. Ukishindwa unaweza kuamriwa ulipe gharama za upande wa pili, fikiria hilo kabla hujasaini.

Ushahidi karibu wote ni hati za kiapo, hutapanda kizimbani kulia. Zinaandikwa kwa Kiingereza, Kiswahili ni lugha rasmi ya pili tangu 2005 lakini mahakamani bado hujakisikia. Hukumu za zamani zinapatikana bure kwenye tovuti ya ULII, soma mbili tatu za walimu kabla hujalipa mtu.

Nimeshinda, hawalipi.

Huwezi kumtuma dalali akabebe magari ya serikali kuu. Unachukua cheti cha amri mahakamani, unampelekea ofisa mwenye dhamana ya fedha, akikaa kimya unaomba mandamus dhidi yake binafsi kama mwenye ofisi, na akiendelea kukaidi ni kudharau mahakama. Ni muda mrefu. Deni la mahakama nalo linasubiri bajeti kama malimbikizo mengine.

Wakinihamisha kwenda shule ya mbali kwa sababu nimeshtaki?

Uhamisho ni haki ya mwajiri, lakini ukija wiki moja baada ya notisi unanuka. Nenda uripoti, usigome, kuacha kituo kutawapa kosa la kukufukuza nalo. Huku umeripoti, andika malalamiko. Mpangilio wa tarehe utaongea wenyewe.

## Kesi za pembeni

Wilaya yetu imegawanyika, faili langu liko upande gani?

Hili linatokea kila wilaya inapozaa. Arua kwa mfano ilitoa Madi-Okollo 2019, halafu 2020 Terego na jiji la Arua lenyewe. Mwalimu aliyefanya intavyuu chini ya wilaya mama na shule yake ikaangukia wilaya mpya anaambiwa kila upande aende upande mwingine. Andikia CAO wote wawili barua moja, wote wakiwa kwenye anwani, na kama ni kesi washtaki wote wawili waoneshane wenyewe mbele ya jaji.

Tume ya wilaya imemaliza muda. Nani ananithibitisha?

Wajumbe wa DSC wanakaa miaka 4, wanateuliwa na baraza la wilaya na lazima Tume ya Utumishi wa Umma iwakubali. Wanasiasa wakigombana juu ya majina, wilaya inakaa bila tume na hakuna anayeteuliwa. CAO hawezi kujaza nafasi hiyo kwa barua yake. Barua iliyotolewa kipindi ambacho tume haikuwepo ni bomu, itakulipukia kwenye ukaguzi, ni bora kuchelewa.

Shule ilianzishwa na kanisa au msikiti, wanasema hawanitaki.

Taasisi iliyoanzisha shule ina sauti, inapeleka wajumbe kwenye kamati ya shule, na inaheshimiwa. Lakini shule ikipokea msaada wa serikali, anayeteua mwalimu ni tume. Ukifungiwa geti usipigane hapo, chukua barua ya hedimasta au mwenyekiti wa kamati kwamba umefika na umekataliwa, rudi nayo kwa CAO siku hiyo hiyo. Bila karatasi hiyo wewe ndiye utaonekana hukuripoti.

Nililipwa na wazazi miaka sita, sasa serikali imechukua shule. Naingia moja kwa moja?

Hapana, na inauma. Serikali inachukua shule, walimu wanaomba upya kama watu wengine, lazima kuwe na tangazo na intavyuu. Miaka yako sita ni uzoefu wa kutaja kwenye intavyuu. Deni la mshahara wa miaka hiyo wadai kamati iliyokuajiri, kupitia ofisa wa kazi.

Nilisoma Kenya, nina namba ya TSC. Inafaa huku?

Wa Busia na Malaba wanauliza sana. Kenya TSC, tume yao ya walimu, peke yake inasajili na kuajiri, huku usajili ni kazi ya ofisi nyingine na ajira ni za tume, kwa hiyo namba ya TSC haikupi chochote. Vyeti vya sekondari vinalinganishwa na UNEB (baraza la mitihani), digrii na NCHE (baraza la elimu ya juu), halafu ndiyo unaomba usajili. Anza mapema, sheria hairuhusu asiyesajiliwa wala kupewa leseni kufundisha, na uteuzi wa mtu asiyesajiliwa hakuna jaji atakayeutetea.

Nimemaliza digrii, wananilipa bado kama Gredi III (mwalimu wa cheti).

Kusoma hakukupandishi. Lazima kuwe na nafasi ya cheo hicho, itangazwe, uombe, tume iamue. Kama iliamua na barua haitoki, rudi kwenye swali la minuti. Kama haijawahi kuamua, huna kesi ya kuchelewa, una ombi tu, na ombi hilo ulipeleke rejistri na kopi mbili.

Nina miaka 58, sijawahi kuthibitishwa, nastaafu 60. Nimechelewa?

Bado, lakini wiki hii ndiyo ya kuandika. Penshoni inahitaji utumishi usiopungua miaka 10, na kama umefundisha 20 ukiwa kwenye peiroli, kutothibitishwa ni kosa la faili zaidi ya kosa lako, tume inaweza kulirekebisha. Tafuta barua ya uteuzi ya kwanza, barua za uhamisho, ripoti za utendaji, hati za mshahara za zamani. Hedimasta wako wa kwanza kama yu hai mtafute, akuandikie ulianza lini. Mzee mmoja alinijia na barua ya 1998 imeliwa na mchwa pembeni, namba ya minuti ilikuwa kwenye kona iliyobaki. Ilitosha.